Nyama ya Siku ya Mavuno

"Mimina kabla sosi haijachemka!" Orlan alipaza sauti kutoka kitandani. "Ikishachemka unaharibu wiski ya watu bure."

Verna alikuwa ameishika chupa kwa vidole viwili, mbali na aproni yake. Miaka arobaini na moja ya ndoa hakuwahi kuimimina yeye. Kila msimu wa mavuno alikaanga nyama ya kusaga kwa vitunguu na hoho, akatia nyanya, haradali na sukari, kisha akageuka kutafuta chumvi iliyokuwa mbele ya macho yake. Akigeuka tena, anamkuta Orlan analamba mdomo wa chupa. Hivyo Verna, mwanakwaya mzima, aliweza kuapa kanisani kwamba yeye hajawahi kutia pombe kwenye chakula.

"Nasikia umesimama tu."

"Mchungaji akija kukuona akainusa, nitamwambia nini?"

"Mpe mikate miwili iliyojazwa nyama hiyo. Mmoja haumtoshi yule."

Alimimina. Mvuke ukampiga usoni, machozi yakamtoka, wala hakuhangaika kuvisingizia vitunguu.

Kitanda kilikuwa pale ilipokuwa meza ya chakula, chini ya dirisha la upande wa shamba. Uvimbe wa kichwani ulimla Orlan macho kwanza, kisha miguu. Tangu Julai alikuwa amelazwa mjini, na mwisho wa Septemba madaktari wakamrudisha afie kwake. Alikubali kila kitu kwa sharti moja. "Siendi popote mpaka mahindi yangu yaingie ghalani," aliwaambia watoto, akamwambia mchungaji, akamwambia hata muuguzi.

Sasa ilikuwa katikati ya Oktoba. Hata maji aliyameza kwa shida, maumivu hayakumpa nafasi, na bado aliing'ang'ania roho kwa meno. Verna alimpenda mno mume wake, na alikuwa amechoka kumwona akiteseka kwa kungoja.

Ndipo Lowell, jirani yao wa ng'ambo ya barabara, alipopita nyumba kwa nyumba akiomba msaada. Watu wa pale mwenzao akianguka hawaulizani mara mbili. Asubuhi hiyo mashine tisa za kuvuna ziliingia shambani kwa mstari, vioo vya madirisha vikatetemeka. Verna akalifungua dirisha, na Orlan akaanza kuzitambua moja moja kwa mngurumo.

"Ile ya Lowell hiyo. Mkanda unalia tangu mwaka juzi, bahili yule hataki kununua mwingine." Akatega sikio. "Mbona sisikii malori ya kubebea?"

"Yanapita njia ya nyuma," Verna alisema haraka. "Daraja la huku linatengenezwa."

Saa sita Lowell aliingia kwa mlango wa jikoni, kofia mkononi. Verna alimtazama shati lake safi, akamrudisha nje kwa ishara ya kidole. Aliporudi alikuwa na makapi mabegani na vumbi hadi kwenye nyusi, akinuka shamba.

"Lowell! Umeyaacha mangapi chini? Nakujua, unaendesha utafikiri umechelewa harusi."

"Hebu tulia, mgonjwa wewe. Kule bondeni tunapata busheli mia mbili na kumi za mahindi kwa eka."

"Mwongo mkubwa. Bonde lile halijawahi kupita mia mbili."

Lowell alimtupia Verna jicho. "Haya, mia moja tisini na tano. Nilitaka kukufurahisha tu."

Orlan akacheka mpaka kikohozi kikamkata. "Hapo sawa. Nipe niyashike."

Lowell alitoa konzi ya punje mfukoni, akamwekea kiganjani na kumfunga vidole. Orlan alizipapasa kwa muda, kisha akaitia moja mdomoni na kuibana kwa meno.

"Yamekauka vizuri," alisema, uso ukimng'aa. "Haya ni yangu. Ningeyajua hata ungeyachanganya na ya kaunti nzima."

"Hayo hayo, kaka," Lowell alisema. Akaivaa kofia yake upesi, akatoka bila kuaga.

Verna alikata mkate kipande kidogo, akakichovya kwenye sosi, akamlisha. Sosi kidogo ilimteremka kidevuni, akampangusa kwa aproni.

"Umezidisha wiski, mama."

"Nimemimina kama ulivyokuwa ukimimina wewe."

"Ndiyo maana."

Kipande cha pili alikikataa. Alilala akisikiliza, zile punje bado kiganjani. Huko nje mashine zilianza kuzimwa, moja baada ya nyingine, mpaka ukabaki ule mkanda unaolia, nao ukanyamaza.

"Yameisha?"

"Yameisha, mzee wangu. Yote yameingia ghalani."

"Vizuri," Orlan alisema. "Basi walishe watu, wana njaa."

Alishusha pumzi moja ndefu, na hakuvuta nyingine. Verna aliushika mkono wake. Alikuwa ameomba siku nyingi saa hiyo ifike, na ilipofika alitamani kuirudisha. Akalia kwa sauti, dirisha likiwa wazi, bila kujali nani anamsikia.

Kisha akanawa uso. Alikuwa ameachiwa agizo. Akaifunika sufuria, akaibeba kwa mikono miwili, akashuka nayo ngazi za baraza kuelekea shambani.

Wanaume tisa walikuwa wamesimama wakimngoja, kofia mikononi, kando ya mashine zisizo na hata punje moja ndani. Mvua ya mawe iliyopiga Agosti, Orlan akiwa hospitali, haikuwa imeacha bua lililosimama katika shamba lote.