Fimbo ya Saa

Kisheria, Bunge la jimbo hufungwa saa sita kamili adhuhuri ya siku ya mwisho ya kikao, na muswada usiopigiwa kura hufa papo hapo. Kwa miaka kumi na minane Spika Elkana alikuwa akiagiza mshale wa saa ya ukutani usukumwe nyuma kwa fimbo, ili miswada ya wenye migodi ipite. Hao ndio waliompa kiti.

Leo umebaki muswada wa wachimbaji, ambao wenye migodi wanaupinga, na dakika mbili.

"Tufunge, Mheshimiwa?" karani aliuliza.

Kwenye roshani ya wageni, tajiri wa migodi alikwisha kuvaa kofia, tayari kuondoka.

Elkana alishuka kitini.

"Nipe fimbo. Leo mshale naurudisha nyuma mwenyewe."

Fimbo ilipougusa mshale, kule juu kofia ilivuliwa taratibu.