Sura ya Ngazi

Saa nne na dakika kumi asubuhi, Bi Sihaba alikuwa bado chini, mwanzoni mwa ngazi za maktaba, katika kiti chake cha magurudumu, na chama cha wasomaji kilikuwa juu. Mchapishaji alisubiri neno lao kuhusu riwaya ya kutisha aliyoiandika Sihaba: sura ya tisa ibaki au ikatwe. Desturi ya chama ilimkataza mwandishi kujibu kabla maoni yote hayajasomwa. Basi waliyasoma wakiwa wameinama juu ya ukingo wa ngazi, wakimpazia sauti.

“Laiti shujaa wako angepona, dada!” alisema msusi mmoja. “Kurasa mia mbili tunamwombea, mpaka mwisho bado yuko kwenye kiti cha magurudumu!”

“Angalau hilo zimwi lingemhurumia,” akadakia mwenzake.

Sihaba aliuma mdomo.

Mwenyekiti, Mwalimu Kidunda, alifunga daftari. “Na sura ya tisa, mama, haitishi hata kidogo. Zimwi limekaa juu, mtu yuko chini, katikati vidato kumi na saba. Nani anaogopa ngazi? Tumeafikiana ikatwe. Panda huku juu utie saini daftarini.”

“Maoni yamekwisha?”

“Yamekwisha.”

“Basi niletee daftari, Mwalimu. Na uhesabu vidato ukishuka.”

Wengine walicheka. Mwalimu alishuka na daftari kwapani na kalamu mkononi, midomo ikichezacheza. Kwenye kidato cha mwisho alisimama, akageuka kuwatazama wenzake kule juu.

“Kumi na saba,” alisema, “kama vya sura ya tisa.”

Kalamu mkononi mwake ilikuwa bado na kifuniko, naye hakumpa Sihaba atie saini.