Rambirambi kwa Daktari wa Runinga

Mumbua alikaa akiutazama mlango, mkoba mapajani, akimkagua kila Mzungu aliyeingia. Ijumaa hiyo ya 2013, siku ya ibada huku Doha, yeye na rafiki yake Charity walikuwa wametoka kanisani Mesaimeer moja kwa moja hadi kwenye mkahawa huu wa Souq Waqif.

"Atakuja kijana tapeli wa saiba amevaa miwani ya kuazima," alisema. "Nitampiga na hiki kiatu."

"Atakuja Bruno," alisema Charity.

Huyo Bruno Vaubrac ni Mfaransa aliyeanza kwa kubeba bunduki nyuma ya majambazi wa sinema, bila kupewa neno la kusema. Kisha runinga ikamvisha koti jeupe, akawa daktari wa tamthilia misimu kumi na mmoja. Mwishowe waandishi wakamgongesha daktari na lori, akafa, na simu ya Bruno ikanyamaza. Charity, nesi wa kweli, alikuwa akimtazama kila akitoka zamu. Akamwandikia rambirambi. Mtu mzima anampa pole marehemu mwenyewe! Na marehemu akajibu.

Wakaandikiana mwaka mzima. Sasa Bruno alikuwa amepata kijisehemu katika filamu iliyopigwa Doha, tajiri anayekufa dakika ya tano. Akasema akimaliza kufa anakuja kumposa.

Kwa ajili yake Charity alikuwa amemkataa Cornelius wa kwaya, mama yake Charity akilia kwenye simu kutoka Kisumu. Hilo ndilo lililomchoma Mumbua.

"Ashakuomba pesa?"

"Hajawahi."

"Ataomba. Mmeongea kwa video hata mara moja?"

"Kamera mbovu."

"Ya nani?"

Charity akakoroga chai isiyo na sukari.

"Sister, picha mtu yeyote anatoa kwa mtandao. Unapenda sura, kumbe nyuma yake kuna mtu mwingine kabisa."

"Na kama huyo wa nyuma anapenda kweli?"

"Si basi angeleta sura yake?"

Machozi yakamtoka Charity. "Twende nyumbani, Mumbua. Tafadhali."

Mumbua akamshika mkono, akamkalisha. "Hapana. Leo huu uongo unaisha."

Mlango ukafunguka. Akaingia Mzungu mrefu, mvi masikioni, shada la maua mkononi. Alikuwa yeye, daktari mzima, amezeeka kidogo tu kuliko kwenye runinga. Mumbua akainuka, kiatu kimoja mguuni, kingine mkononi, asijue aombe radhi kwa lugha gani.

Bruno akaangaza meza zote, kisha uso ukamnawiri. Akampita Charity kama anayepita kiti, akampigia Mumbua goti.

"Charity," akasema kwa Kiingereza chake cha puani, "zile picha ulizonitumia zilikudhulumu. Wewe ni mzuri zaidi."