Shati la Ngwali

Lungwe alitoka taratibu kwenye giza la pango, mweupe kama unga uliolowa, mkubwa kama mwanambuzi, bila macho. Mnyama huyu chakula chake ni chumvi ya mawe na jasho la watu. Ndiyo maana katika mji ule, mtu akifa, nguo yake ya mwisho hupelekwa pangoni bila kufuliwa. Lungwe akishailamba, matanga huanuliwa, naye mjane hurudi kulala kitandani.

Siwema alitandaza shati la marehemu mumewe, Ngwali, juu ya jiwe. Lungwe alilinusa, akageuka.

"Umelifua?" aliuliza wifi yake, Mashavu.

"Siku aliyokufa nilifua kila kitu, wifi. Mikono ilikuwa inafua tu. Nakuja kukumbuka, shati liko kambani."

Mashavu aliketi chini. "Basi kaka yangu umemmwaga na povu," alisema, bila ukali.

Mgongo ulimuuma Siwema kwa kulala mkekani. Alichukua shati, akajifuta uso, shingo na makwapa, akalirudisha juu ya jiwe.

"Hilo jasho lako, wifi. Lungwe anawajua waliokufa tu."

"Na anijue."

Lungwe alirudi. Alilamba kola, akalamba mikono ya shati mpaka ikalowa. Kisha akainua kichwa, akaja hadi miguuni pa Siwema, akaanza kumlamba kisigino.

"Twende," Mashavu alisema. "Wifi, twende."

Siwema aliegemea mwamba, akafumba macho. Mguu hakuuondoa.