Sifuri ya Mama

Nitegulie hiki, wewe unayesoma: nyumba ya mviringo, milango miwili ubavuni, komeo haina, na hata mwenyewe akilala haifungiki. Kaa na jibu lako, twende kwa daktari wa masikio.

Kwenye benchi la nje walikaa watatu: mama, mwanawe kitindamimba na mke wa huyo mwana. Masikio ya mama yalikuwa yameziba mwaka mzima. Ukimwita hageuki, ukitaka ale, unamwonyesha sahani. Mwana alitaka cheti kwamba mama hasikii wala hajiwezi, ili asaini yeye kuiuza nyumba ya mama. Mnunuzi alishapatikana, na mama alishatandikiwa kitanda stoo.

Mwana akamwuliza mkewe, akiongea juu ya kichwa cha mama kama juu ya gunia, "Hivi siku tukiiuza, atajua?"

Mke akacheka tu. Mama alikuwa akihangaika na kifungo cha sweta; vidole vikakosa tundu.

Ndani, daktari alimvisha mama hedifoni, akamwelekeza kwa ishara: mlio ukija kulia, inua mkono wa kulia, ukija kushoto, wa kushoto, usiposikia, bahatisha. Mara ishirini mama akainua mkono, taratibu, huku akitabasamu.

Daktari akaitazama karatasi yake, akakuna kidevu.

"Kapata ngapi?" mwana akauliza.

"Sifuri."

Mwana akapiga paja. Akasema si aliwaambia, huyu ni gogo kabisa, basi waandikiwe cheti wajiendee zao.

Daktari hakushika kalamu. Alieleza polepole kwamba asiyesikia kitu anarusha mkono tu, na kila mara kupata na kukosa ni nusu kwa nusu. Kiziwi yeyote, mara ishirini, atapata kama kumi. Akiwa na mkosi, sita au saba.

"Lakini kukosa zote, ndugu yangu, lazima kila mara ujue mlio uko wapi, halafu uinue mkono mwingine."

Mama akavua hedifoni, akaziweka mezani. Akakishika kifungo cha sweta, safari hii kikaingia. Ndipo akamgeukia mwanawe.

"Nitajua, baba," akasema.