Muziki wa Kisamvu

Spika zilikufa katikati ya filamu, bibi harusi akabaki anacheza kimya ukutani. Sikudhani, mtunzi wa muziki wa filamu hiyo, akauma meno. Miaka yote aliambiwa muziki wa filamu huagizwa ng'ambo. Leo wake usikike kwa mara ya kwanza, ndiyo hivi!

"Shoga, unanuna nini?" akapaza sauti Bi Mkasi, jirani ambaye Sikudhani alimrekodi akitwanga kisamvu ili kupata mdundo wa muziki huo. "Ngoma si tulikupigia sisi?"

Akagonga benchi kwa viganja. Wenzake wa kinuni wakadakia wimbo, ukumbi mzima ukapiga miguu, na bibi harusi ukutani akaenda nao sawia.

Mwongozaji akaja mbio na waya mpya. "Spika zitapona! Nichomeke?"

Sikudhani akamnyang'anya ule waya, akauzungusha juu ya kichwa kama leso ya harusini.