Kata ya Saba

"Ya tano hiyo, au ya sita?" Mwanawema aliuliza.

"Ya sita," alisema Ame.

Ilikuwa ya tano. Mwanawema akamwaga kata ya mwisho ya maji, na mumewe akasimama, akakung'uta mikono. Mara saba, ya kwanza kwa udongo: ndivyo sheria ya dini inavyomtaka aliyeshika nguruwe. Kata ilikuwa na mpini mrefu, na Mwanawema aliushika mwisho kabisa, maji yasije yakamrukia.

Miaka tisa sasa. Ame alikuwa mpishi wa Bwana Shamba, Mzungu wa mambo ya karafuu aliyekaa Madungu, na kila Jumamosi alimtengenezea achari ya nguruwe ya kwao Ulaya. Nyama ya kopo aliikatakata, akaiponda kinuni, akaichanganya na kitunguu, siki, haradali, sukari na karafuu mbili za kusaga, kisha akaishindilia ndani ya chupa. Mtaa wao mzima wa Tibirinzi ulijua. Kwa hiyo bakuli la Ame lilitundikwa kwenye msumari wake peke yake, kikombe chake kilikaa dirishani, na wenziwe walipozunguka sinia yeye alikula pembeni, ameelekea ukuta. Hata kwenye harusi ya binti yake, Moza, alipakuliwa kwenye sahani ya bati nyuma ya jiko.

Mwanzo iliuma. Siku hizi moyo ulikuwa umekufa ganzi. Alikula, akaosha bakuli lake, akalitundika.

Na kumbe hakuwahi hata siku moja kutia nguruwe katika achari ile.

Stoo ya Bwana Shamba ilikuwa na makopo ya aina mbili, moja lina picha ya nguruwe, jingine picha ya ng'ombe. Ame alikhitimu msahafu kabla hajaota ndevu, na jirani akipata barua iliyoandikwa kwa herufi za Kiarabu alimpelekea yeye amsomee. Herufi za Kizungu ndizo hazikumwambia kitu. Lakini ng'ombe ni ng'ombe. Tangu wiki ya kwanza alifungua makopo ya ng'ombe tu, na yale mengine akayafukia moja moja nyuma ya banda la kuku. Mzungu alikula, akalamba kijiko, akasema hata mama yake hakuwa na mkono kama huo.

Shehe alikwishasema msikitini kwamba nyama ya ng'ombe ya watu wa Kitabu inafaa kuliwa. Basi Ame naye alikula. Kila Jumamosi alisimama jikoni kwa Mzungu, akapaka iliyobaki kinuni juu ya mkate, akala polepole. Ndicho chakula pekee alichokionea raha kwa wiki nzima.

Kwa nini hakumwambia mkewe? Kwa sababu alimjua. Mwanawema angemrudisha kwenye sinia siku ileile, majirani wangeuliza imekuwaje, na kabla ya Ijumaa Bwana Shamba angesikia kwamba mpishi wake anamlaghai. Kazi ingekwenda. Ame akanyamaza, akanawa.

Sasa ulikuwa mwisho wa mwaka wa 1963, uhuru umefika, na Wazungu walikuwa wanafunga mizigo.

"Jumatatu anaondoka huyo Mzungu wako, Baba Moza," alisema Mwanawema, akiinamisha kata ikauke. "Bakuli hili n'talitupa. Utakula na sie."

"Jumatatu," Ame aliitikia. Alitaka zaidi ya hilo. Alitaka akae kwenye sinia lile kama mtu ambaye hakustahili kuondolewa. Angekwenda na makopo ya ng'ombe, ayafungue mbele ya wote, awaambie: hiki ndicho mlichonitengea bakuli.

Jumatatu asubuhi masanduku yalikuwa yamepangwa barazani. "Chukua chochote jikoni, Ame," alisema Bwana Shamba. "Umenitumikia vizuri."

Ame akatoka na makopo manne kifuani. "Naomba haya, Bwana. Nikale na mke wangu na binti yangu."

Bwana Shamba aliyatazama makopo, kisha akamtazama yeye. "Haya? Nilidhani kwenu hamli nguruwe."

"Hatuli, Bwana. Ndiyo maana nimechukua ya ng'ombe."

"Ng'ombe?" Bwana Shamba aligeuza kopo moja, akacheka, si kwa ubaya. "Aa, huyu! Hii ni alama ya kiwanda tu, Ame. Walianza kwa kuuza siagi, ndiyo maana wakachora ng'ombe. Ndani ni nguruwe, kama yale mengine."

Ame aliyarudisha rafuni, moja moja, picha zikitazama mbele. Alingoja aone ndani yake hasira, au aibu. Hakuona kitu. Akayafunga masanduku kamba, akampa Bwana Shamba mkono wa kwaheri, akashuka kilima.

Nyumbani msumari ulikuwa mtupu. Sinia la wali na mchuzi wa changu lilikuwa katikati ya mkeka. Moza na mumewe wamekwishakaa, na baina yao imeachwa nafasi ya mtu mmoja. Mwanawema alitoka kumpokea mlangoni, akamshika mkono kwa vidole vyake, jambo ambalo hakulifanya kwa miaka tisa.

"Karibu, Baba Moza," alisema, na machozi yalikuwa yakimlengalenga. "Leo hakuna kata."

Ame aliutoa mkono wake taratibu. Akapita kando ya sinia, akatoka uani, akachutama mahali pake pa siku zote, akachota udongo.

"Lete kata, Mama Moza," alisema. "Tuanze na kinywa. Na uhesabu sawasawa."